Nazi kubwa, nazi ndogo: nimetoa, herufi mbili bado zipo

MAMA VITUMBUA, Makorora

Habari za jioni jamani. Mimi ni mama wa miaka 43, nakaa Makorora hapa Tanga. Kazi yangu vitumbua na maharage ya nazi asubuhi, mihogo ya nazi jioni. Darasa la saba nilimaliza zamani nikaishia hapo. Mwaka huu nimejiandikisha masomo ya jioni, nataka nifanye Mtihani wa Maarifa, ule watu wanaouita QT, halafu Mungu akijalia nisogee mpaka kidato cha nne. Uraia nauweza, Kiswahili ndiyo usiseme, baiolojia twaenda tukivutana. Hesabu ndiyo iliyonikalisha kitako.

Tumefika kwenye milinganyo miwili yenye herufi mbili. Mwalimu wetu, kijana mzuri tu, anaiita "simultenia". Mara ya kwanza kulisikia nilidhani dawa ya minyoo. Anaandika ubaoni mbio mbio, x huku y kule, anafuta, anageuka: "Mmeona?" Twaitikia tumeona. Hatujaona.

Nikajiambia x na y za mwalimu niziache, nichukue hesabu ya jikoni kwangu. Nazi ndiyo roho ya biashara yangu. Mpwa wangu ndiye anayenifuatia sokoni kwa baiskeli, ananunua kubwa na ndogo. Kwenye daftari anaandika idadi na jumla ya pesa, basi. Bei ya moja moja haandiki. Nikimuuliza anajibu, "Shangazi, si jumla ipo hapo?" Daftari linasema hivi:

Jumatatu: kubwa 6, ndogo 4, jumla shilingi 7,800
Alhamisi: kubwa 4, ndogo 9, jumla shilingi 9,000

Nataka nijue kubwa moja shilingi ngapi, ndogo moja shilingi ngapi. Kubwa nikaiita k, ndogo n:

6k + 4n = 7,800
4k + 9n = 9,000

Mwalimu alisema toa wa chini kwenye wa juu. Nikatoa. Nikapata 2k − 5n = −1,200. Herufi zote mbili bado zimenikodolea macho, na juu yake nimeongezewa alama ya kutoa mbele ya pesa. Nimerudia mara tatu. Mara ya tatu maharage yakashika chini ya sufuria.

Nimekosea wapi? Na nawaomba mniambie kwa nini, si "fanya hivi, fanya hivi". Za fanya hivi ninazo daftari zima.


MWALIMU MSTAAFU

Dada yangu, hujakosea. Hilo liondoe kwanza moyoni. 2k − 5n = −1,200 ni kweli tupu, na bei ukishazijua rudi uijaribu utaona inakubali. Tatizo ni kwamba ni kweli isiyokusogeza. Ulikuwa na sentensi mbili zenye vitu viwili usivyovijua, sasa una ya tatu yenye vitu vile vile viwili.

Kutoa kuna kazi moja tu hapa: kuifuta herufi moja ipotee kabisa. Na herufi haipotei mpaka idadi yake juu na chini iwe sawa. Kwako kubwa juu ni 6, chini ni 4. Ukitoa zinabaki 2. Zingekuwa 6 na 6, zingekwisha.

Sasa sahau herufi, shika nazi. Tuseme Jumatatu mpwa wako angenunua vile vile mara mbili. Angerudi na kubwa 12 na ndogo 8, na angelipa 15,600. Tuseme na Alhamisi angenunua vile vile mara tatu: kubwa 12, ndogo 27, angelipa 27,000. Yaweke makapu hayo mawili sakafuni. Kubwa ni 12 humu na 12 humu. Basi kama kapu la pili ni ghali zaidi, ughali wote umeletwa na ndogo zilizozidi. Ndogo zimezidi ngapi? 27 toa 8, ni 19. Pesa imezidi ngapi? 27,000 toa 15,600, ni 11,400. Ndogo 19 kwa shilingi 11,400. Gawanya mwenyewe.

Kisha hiyo bei ya ndogo irudishe kwenye siku yoyote, Jumatatu ama Alhamisi, uipate ya kubwa.

Umeuliza kwa nini, nami nimefurahi, maana katika miaka yangu yote ya ubao walioniuliza kwa nini hawakujaza benchi moja. Kuzidisha kunaruhusiwa kwa sababu nazi hazibadiliki bei kwa kuwa umechukua mara mbili. Mlinganyo ni mizani: ukiongeza mara mbili upande huu, mara mbili na upande ule, mkono hauinami. Lakini ni lazima pande zote. Kosa nililolipiga wino mwekundu kuliko yote ni hili: mtoto anazidisha 6k na 4n kwa 2 vizuri sana, halafu 7,800 anaiacha ilivyo. Hapo kanunua nazi mara mbili akalipa mara moja. Hakuna mwenye nazi atakayekubali.


MAMA VITUMBUA, Makorora

Mwalimu shikamoo. Yaani ulipoandika makapu mawili sakafuni nikaweka kalamu chini, nikayaona.

Ndogo: 11,400 gawanya kwa 19 ni 600. Jumatatu ndogo 4 ni 2,400. 7,800 toa 2,400 ni 5,400, gawanya kwa kubwa 6, ni 900. Kubwa mia tisa, ndogo mia sita.

Halafu nikawa mbishi. Nikasema kama kweli hii njia ni njia, basi nikianza kufuta ndogo badala ya kubwa nifike pale pale. Ndogo ni 4 na 9. Nikakumbuka Kigawe Kidogo cha Shirika cha darasani enzi hizo, KDS ya 4 na 9 ni 36. Jumatatu nikazidisha kwa 9, Alhamisi kwa 4:

54k + 36n = 70,200
16k + 36n = 36,000

Nikatoa: 38k = 34,200. k = 900. Wallahi nilipiga kigelegele peke yangu jikoni, jirani akauliza nani kaposwa.

Na ile kweli isiyonisogeza nimeijaribu: kubwa mbili 1,800, ndogo tano 3,000, 1,800 toa 3,000 ni −1,200. Imekubali! Kumbe sikuwa mjinga, nilikuwa nimesimama njiani tu.


FUNDI SPOKU, Ngamiani

Dada hongera. Mimi sikusoma herufi, nimesoma baiskeli. Lakini haya mambo tunayo siku zote hapa kijiweni, tunachezeshana tukisubiri kazi. Mfano: pale uwanjani vimeegeshwa vyombo 20, baiskeli na bajaji. Magurudumu yote ukiyahesabu ni 47. Baiskeli ngapi, bajaji ngapi?

Sisi hatuandiki kitu. Unasema hivi: tufanye vyote ni baiskeli. Mji huu hiyo si ajabu. Vyombo 20 magurudumu 40. Lakini nimehesabu 47. Haya 7 yametoka wapi? Kila bajaji ina gurudumu moja zaidi ya baiskeli, basi bajaji ni 7. Baiskeli 13. Imekwisha, kahawa haijapoa.

Sasa nawauliza wasomi, herufi za nini?


MWALIMU MSTAAFU

Fundi, umeandika herufi bila kujua, ulichokosa ni kalamu. Baiskeli b, bajaji j. Vyombo: b + j = 20. Magurudumu: 2b + 3j = 47. Wewe umesema "tufanye vyote ni baiskeli, kisha kila bajaji iongeze gurudumu moja". Hiyo ukiiandika ni 40 + j = 47.

Mimi nikifika pale naenda hivi: kama b na j jumla ni 20, basi b ni 20 − j. Naichukua hiyo naiweka mahali pa b kwenye mlinganyo wa magurudumu: 2(20 − j) + 3j = 47. Fungua mabano kwa MAGAZIJUTO kama tulivyofundishwa: 40 − 2j + 3j = 47, yaani 40 + j = 47. Mstari wako ule ule. Hii ndiyo njia ya kuweka badala, ya pili baada ya ile ya kufuta aliyoitumia dada.

Inafaa pale herufi moja inaposimama peke yake, haina namba mbele yake. Kwenye nazi ungeweza, lakini ungeanza na k = (7,800 − 4n) gawanya kwa 6, ukaingia kwenye sehemu, na sehemu ndipo watu wanapozamia. Mtihani ukikupa herufi tupu, weka badala. Herufi zote zikiwa na namba kubwa mbele, futa.


USTADHI WA PONGWE

Assalam alaykum. Fundi Spoku, mchezo wenu wa kijiweni ni wa zamani kuliko baiskeli. Wachina wa kale wana hesabu mashuhuri ya ndege na sungura waliofungiwa banda moja: vichwa 35, miguu 94. Wafanye wote ndege, miguu 70, imebaki 24, kila sungura anazidi miguu miwili, basi sungura 12 na ndege 23. Umeona? Ni bajaji zako zina manyoya.

Lakini nilichotaka kusema ni juu ya ile 2k − 5n = −1,200 iliyomtisha dada yetu. Neno aljebra latokana na al-jabr, nalo lilitoka kwenye kitabu cha Muhammad bin Musa al-Khwarizmi, aliyeandika Baghdad miaka ya 820 hivi. Jabr ni kurudisha kilichopunguka, na kwa Kiarabu ndilo neno la kuunga mfupa uliovunjika. Kwenye hesabu maana yake ni hii: ukiona kitu kinatolewa upande mmoja, kirudishe, na upande wa pili uongezewe kiasi hicho hicho. Dada ana "toa ndogo tano" kushoto na "toa 1,200" kulia. Rudisha zote mbili:

2k + 1,200 = 5n

Sasa isome kwa mdomo: nazi kubwa mbili na shilingi 1,200 juu ni sawa na nazi ndogo tano. Alama ya kutoa iko wapi? Mfupa umeungwa.

Neno la pili la kitabu hicho ni al-muqabala, kuvikabilisha vya upande huu na vya upande ule na kuondoa vilivyo sawa. Nasi Waswahili tunalo kila siku: duka liko mkabala na msikiti. Dada alipoweka 12k mkabala na 12k akazifuta, alikuwa kwenye muqabala.

Na jambo la kumfariji zaidi: mzee yule hakuandika x wala y. Kila kitu alikiandika kwa maneno, na sehemu kubwa ya kitabu chake ni ya kugawanya mirathi. Vijana wangu madrasa wakilalamika kuwa aljebra ni ya Wazungu huwa nawafungulia bahari hii, wakajuta kuanza.


KIDATO CHA NNE B

Shikamooni wote. Shangazi, kuna njia ya mkato ambayo hufuti wala huweki badala, ni ya Gabriel Cramer wa Geneva, aliitoa mwaka 1750. Unachukua namba zilizo mbele ya herufi unazizidisha msalaba: 6 × 9 toa 4 × 4 = 54 − 16 = 38. Hiyo ndiyo ya chini. Kwa k: 7,800 × 9 toa 9,000 × 4 = 70,200 − 36,000 = 34,200. Gawanya kwa 38 = 900. Kwa n: 6 × 9,000 toa 4 × 7,800 = 54,000 − 31,200 = 22,800. Gawanya kwa 38 = 600. Dakika moja.


MAMA VITUMBUA, Makorora

Marahaba mwanangu. Umekimbia kama mwalimu wangu wa jioni, nimebaki na vumbi. Ila nimeziona 70,200 na 36,000 na 38 humo ndani, ni zile zile nilizozipata mimi nilipofuta ndogo. Kwa hiyo huyo bwana wa Geneva naye alifuta, akaficha ufutio?

Halafu swali. Tufanye ningekuwa na Jumatatu peke yake. Ningepata bei?


KIDATO CHA NNE B

Samahani shangazi, narudi taratibu. Ndiyo, alifuta mara moja kwa wote, sisi tunaweka namba tu.

Jumatatu peke yake haitoshi. 6k + 4n = 7,800 inakubali kubwa 900 na ndogo 600. Lakini inakubali na kubwa 700 na ndogo 900 (4,200 na 3,600). Inakubali hata kubwa 1,100 na ndogo 300. Zote zinaleta 7,800. Ukizichora kwenye karatasi ya miraba, bei ya kubwa mlalo na ya ndogo wima, zinajipanga mstari mmoja ulionyooka. Bei ya kweli iko mahali fulani kwenye mstari huo, hujui wapi. Alhamisi nayo ina mstari wake. Mistari inapokatana, pale tu, ndipo siku zote mbili zinakubaliana: mlalo 900, wima 600. Chora shangazi, ni rahisi. Jumatatu: nazi ndogo zingekuwa za bure, kubwa ingekuwa 1,300, kubwa zingekuwa za bure, ndogo ingekuwa 1,950. Nukta mbili hizo, pitisha rula. Alhamisi ni 2,250 na 1,000.

Ila si kila mistari miwili inakatana. Barabara za namba za Ngamiani zimelala sambamba: ya 7 na ya 8 utazifuata mpaka uchoke, hazikutani. Tuseme siku ya pili mpwa wako angeandika kubwa 3, ndogo 2, shilingi 4,200. Kubwa 3 na ndogo 2 ni nusu kamili ya Jumatatu, zingetakiwa kuwa 3,900. Hapo hakuna bei yoyote duniani inayoziridhisha siku zote mbili. Na kama angeandika 3,900 sawasawa, basi ni barabara ile ile moja umeiita majina mawili, hujaambiwa kipya. Kwa ile njia ya mkato unajua mapema: 6 × 2 toa 4 × 3 ni sifuri, na kwa sifuri hatugawanyi.


MAMA VITUMBUA, Makorora

Hapo sasa umesema na mimi. Barabara ya 7 na ya 8 nimezitembea na sinia kichwani, najua hazikutani.

Kwa hiyo siku mbili, na zisiwe nusu ya nyingine. Haya. Nikafurahi, nikasema nifungue daftari niende mbele, nimpime kila siku. Nikafika Jumamosi: kubwa 10, ndogo 5, jumla 12,500. Kwa bei zangu kubwa 10 ni 9,000, ndogo 5 ni 3,000, jumla 12,000. Mia tano imetoka wapi?

Nimerudia mara nne. Jamani, na huyu mtoto ndiye ninayemwamini na ufunguo wa nyumba. Nimemwita, hayupo, kaenda mpirani. Namngoja akirudi tuonane.


MWALIMU MSTAAFU

Dada, weka mwiko chini kwanza.

Milinganyo miwili karibu kila mara itakupa jibu, hata kama mmoja umeandikwa uongo. Wanajibizana wao wawili, hakuna wa kuwasuta. Ukitaka kujua kama jibu ni la kweli unahitaji wa tatu, ambaye hakuhusika kulitafuta. Jumamosi ndiyo shahidi wako, na shahidi amekataa.

Lakini angalia amekataa nini. Amesema siku tatu hizi hazikubaliani. Hakusema ni ipi yenye kasoro. Yawezekana Jumamosi imeongezwa. Yawezekana Jumamosi ni safi na Alhamisi ndiyo iliyoandikwa vibaya, ukakokotoa bei kutoka kwenye kosa. Yawezekana hakuna aliyekosea, bei ya nazi ilipanda Ijumaa, maana k ya Jumatatu na k ya Jumamosi umeziandika herufi moja kwa hiari yako, soko halijui.

Mimi ningetazama bei zilizotoka. Mia tisa na mia sita, namba safi, bei ambazo mtu sokoni anaweza kuzitamka. Jumatatu au Alhamisi ingekuwa na kosa la ovyo, mara nyingi ungepata 873 na nukta na mkia. Nazi haiuzwi na nukta. Hiyo si hakika, ni harufu tu, lakini harufu yanielekeza kwenye Jumamosi. Hata hivyo muulize kama unayeuliza, si kama uliyekwisha hukumu.


FUNDI SPOKU, Ngamiani

Mimi sina herufi, lakini mia tano naijua sura yake. Umesema kijana anakwenda kwa baiskeli? Siku ile alikuwa na nazi 15, na 10 kati yake kubwa. Huo mzigo wa kutosha kwenye karia, na mpira wa nyuma kama umelika, haumfikishi. Kijiweni kwangu kiraka kimoja na solusheni ni mia tano.

Muulize kuhusu pancha.


MAMA VITUMBUA, Makorora

Karudi saa mbili usiku, jasho tupu. Nimejitahidi, nimemtengea chakula kwanza. Nikamuuliza, "Jumamosi nazi kubwa zilikuwa shilingi ngapi?" Mia tisa shangazi. Ndogo? Mia sita. Nikamwekea daftari mbele, nikamwambia zidisha. Akazidisha. Akanyamaza. Akasema, "Ah, na pancha." Nilipomuuliza kwa nini hakuandika pancha akasema daftari limeandikwa juu "Nazi", akaona pancha haina mahali pake, akaichanganya humo.

Fundi, wewe si fundi wa baiskeli, wewe ni mpelelezi.

Kwa hiyo nimeuandika mlinganyo wa Jumamosi upya: 10k + 5n + p = 12,500. Kulikuwa na herufi ya tatu nami sikuiita. Na sasa siku tatu herufi tatu, zinakubaliana zote: k mia tisa, n mia sita, p mia tano. Mwalimu, nimepata?


MWALIMU MSTAAFU

Umepata, na umeingia kwenye herufi tatu bila kualikwa, mwambie kijana wako wa jioni.

Ila nikuchokoze kidogo. Ulipokuwa na herufi mbili, Jumamosi ilikuwa shahidi. Ulipoongeza p, umemtoa kwenye ushahidi ukamweka kwenye kutafuta jibu. Sasa lazima zikubaliane, hazina jinsi: p itameza chochote kilichozidi. Ingezidi elfu mbili, p ingekuwa elfu mbili. Mlinganyo hauwezi kukuambia kama p ni pancha au ni soda na chapati ya mpirani. Herufi ya ziada ukiiruhusu, hesabu yoyote itakaa sawa. Shahidi wako mpya yuko wapi?


MAMA VITUMBUA, Makorora

Mwalimu, mimi nami si wa kulala na neno hilo. Nimechukua tochi ya simu nimekwenda ukumbini ilipoegeshwa baiskeli. Nimemwita mwenyewe akaivua mpira wa nyuma mbele yangu, ananung'unika lakini anavua. Nimeitoa tyubu, nimeipitisha vidoleni pole pole kama ninavyotafuta mwiba kwenye samaki.

Viraka vitatu. Viwili vimekwishapauka, vya siku nyingi. Cha tatu kipya, pembeni solusheni bado inanata.

Daftari nimelichorea safu nyingine. Nimeandika juu: "Pancha na mengineyo". Kesho asubuhi anafuata nazi, kubwa 7 na ndogo 7. Nimekwisha jua atakuja na jumla gani, nimeiandika kwenye kipande cha karatasi nimekikunja chini ya sufuria ya maharage.

Sasa naombeni mnisaidie na hili la mwalimu wa jioni, maana kazi aliyotupa ni namba 1 mpaka 10 na nimefika ya 3: 3x − 2y = 4 na 5x + 2y = 28. Naona y ziko 2 juu na 2 chini, ila moja ya kutoa na moja ya kujumlisha. Hapa sitoi, si ndiyo? Nikijumlisha zinakufa zenyewe?


FUNDI SPOKU, Ngamiani

Zinakufa. 8x ni 32. Hata mimi nimeiona.


MAMA VITUMBUA, Makorora

x 4, y 4. Naendelea na ya 4.